Misumari Sita

Ko. Kimya kidogo. Kisha mburuzo mfupi, kama mtu anayesogeza kiti sakafuni. Ko, mburuzo. Ko, mburuzo.

Kushoto alikuwa nyuma ya pazia la turubai akipaka uzi nta, na hakuhitaji kuchungulia. Fundi viatu aliyeiva humjua mteja kwa masikio kabla ya macho. Ule ulikuwa mwendo wa Mwalimu. Lakini huo mburuzo ulitoka wapi? Mguu wa kushoto wa Mwalimu ulikuwa mfupi tangu kuzaliwa, naam, ila kiatu alichomshonea, chenye soli iliyonyanyuliwa kwa upana wa vidole viwili, hakikuwa kiatu cha kuburuza. Kilisema ko kama mwenzake. Alihakikisha hivyo mwaka jana, alipomtembeza mtu mzima na heshima zake kutoka mlangoni hadi dirishani mara kumi na mbili, yeye amefumba macho, anasikiliza.

Uzi ukamponyoka mikononi. Miezi minne alikuwa amejifundisha kutoisikiliza barabara ile. Miezi minne ya kujikaza kisabuni, na sasa moyo unaruka kama haujafundishwa lolote.

Mtaani hakuna aliyekumbuka majina yao ya kuzaliwa. Yeye alikuwa Kushoto, na rafiki yake alikuwa Kulia, basi. Majina hayo yalitokana na kazi. Walipokuwa wakijifunza ufundi, bwana mkali aliyewafundisha aliwapa jozi moja kwa wakati: huyu ashone kiatu cha kulia, yule cha kushoto, kisha viwekwe mezani pamoja. Visipofanana, vyote viwili vinachanwa kwa kisu. Walichaniwa viatu mpaka machozi yakawaishia, na siku jozi ya kwanza ilipopona kisu walikumbatiana kama ndugu waliopotezana. Tangu siku hiyo hawakushona kwa namna nyingine. Walipofungua karakana yao wenyewe walihamia na desturi ile pamoja na nyundo na zile kalibu za mbao zenye umbo la miguu ya wateja. Sharti lilikuwa moja tu: mguu wa mwenzako huugusi, hata kwa msumari mmoja.

Kulia ndiye aliyeanza kukata, Kushoto akafuata. Kulia alikaa mbele na wateja kwa sababu alikuwa na mdomo. Kushoto alikaa nyuma ya pazia kwa sababu hakuwa nao. Kulia alichagua ngozi, siku ya mapumziko, redio ifunguliwe au ifungwe. Miaka saba alikuwa akimwekea mwenzake sukari kwenye chai bila kumuuliza, vijiko vitatu, na Kushoto aliyependa kimoja alikuwa akinywa vitatu.

Ni Kulia pia aliyemwambia habari za Mwalimu. Kushoto alikuwa amekwenda kumuuguza mama yake kwa wiki tatu, akaondoka na ahadi kifuani: Mwalimu alikuwa amemwambia kwamba akirudi atamuuliza jambo, na jinsi alivyomtazama, jambo lenyewe halikuwa la hesabu. Aliporudi, Kulia alimkalisha kwenye kigoda, akamshika mabega. Akamweleza kwamba mama yake Mwalimu alikuja hapo, akasema mikono ya mwanamke fundi viatu inanuka gundi, na Mwalimu mwenyewe tangu hapo hajakanyaga. Kushoto alilia mpaka kitambaa cha kazi kikalowa. Kulia alimbembeleza, akamfutia machozi, akamwekea chai. Vijiko vitatu.

Sasa ule mburuzo ulisimama mlangoni.

"Hodi hapa," sauti ikasema.

Kulia hakuwepo, alikuwa amekwenda kununua ngozi. Kushoto alijifuta mikono, akaona aibu kwamba anajifuta, akaifuta tena. Kisha akafunua pazia.

Mwalimu alikuwa amekonda kidogo. Shati lake jeupe lilikuwa limepigwa pasi na mtu mwenye haraka. Alipomwona, alirudi nyuma nusu hatua, na kwa mguu ule, nusu hatua ilikuwa kazi.

"Nilidhani nitamkuta mwenzako," alisema.

"Katoka. Karibu."

Hapo wakakwama. Mwalimu akaitazama rafu ya kalibu, Kushoto akamtazama Mwalimu anavyoitazama rafu ya kalibu, na wote wawili wakajua kwamba hakuna aliyekuwa akiangalia mbao. Mwishowe Mwalimu alieleza, kwa sauti ya mtu anayesoma tangazo, kwamba amehamishiwa shule nyingine, mwendo wa saa mbili kwa basi, anaanza Jumatatu. Kiatu kinamuumiza. Asingekuja kumsumbua, ila mama yake amemfokea asubuhi kwamba kiatu hupelekwa kwa aliyekishona.

"Kaa," Kushoto alisema. "Nikione."

Akapiga goti mbele yake kama alivyofanya mara nyingi, akalegeza kamba, akakivua kiatu taratibu. Soksi ilikuwa na tundu, na dole gumba lilichungulia nje bila aibu.

"Dole lako linanisalimia," alisema kabla hajajizuia.

"Ndilo pekee lenye ujasiri katika ukoo wetu."

Walicheka kidogo, kicheko cha watu waliosahau kwa dakika moja kwamba wameachana. Kisha Kushoto akashusha soksi, na kicheko kikaisha. Kisigino kilikuwa na lengelenge lililopasuka juu ya sugu, na kifundo kilikuwa kimevimba. Mtu huyu alikuwa ametembea na maumivu miezi, si siku.

Akakigeuza kiatu.

Raba ya kisigino ilikuwa mpya kuliko kiatu. Ilikuwa pia nyembamba kuliko ile aliyoiweka yeye, kwa kiasi cha nusu ya ukucha, na nusu ya ukucha kwa mguu kama ule ni sawa na kumkatia mtu ngazi akiwa juu. Lakini si raba iliyomfanya akae chini sakafuni. Ilikuwa misumari. Yeye hupiga saba, wa kwanza katikati. Hii ilikuwa sita, imeanzia ukingo wa nje na kuzunguka kama wachezaji walioshikana mikono. Katika dunia nzima alimjua mtu mmoja anayepiga hivyo. Alikuwa amekaa naye meza moja ujana wake wote.

"Mwalimu, nani alibadilisha kisigino hiki?"

"Mwenzako. Siku ile aliyonipa jibu lako."

"Jibu gani?"

Mwalimu akamtazama kuona kama anafanyiwa mzaha. Alipoona si mzaha, alianza kusema polepole. Alikuja wiki ya pili baada ya Kushoto kusafiri, kisigino kimelika. Hakuweza kuvumilia kungoja, akamwachia Kulia swali amfikishie huko aliko: kama Kushoto yuko tayari kuwa mke wake. Siku chache baadaye alikuja kuchukua kiatu, Kulia akampa kiatu kwa mkono mmoja na jibu kwa mkono mwingine.

"Aliniambia umesema hapana," alisema. "Kwamba hutaki kuishi na mtu ambaye kila safari utakuwa unamsubiri njiani."

Kushoto alihisi damu ikimpanda usoni, ikashuka, ikapanda tena. Aliweka kiganja chake juu ya kile kifundo kilichovimba, na Mwalimu hakuuondoa mguu. Ule mkono ulikuwa umesema yote. Alikuwa na mikono yenye makovu ya kisu na kucha fupi, na kwa Mwalimu hapakuwa na mkono mwingine duniani.

"Sikuulizwa," alisema hatimaye. "Wallahi sikuulizwa. Mimi niliambiwa umenikimbia."

Nje, mtu alikuwa anakuja huku akiimba.

Kulia aliingia na bunda la ngozi begani, jasho kwenye paji la uso, wimbo mdomoni. Aliona mguu wa Mwalimu usio na kiatu. Aliona kiatu cha kushoto kimegeuzwa juu chini mapajani mwa rafiki yake. Wimbo ukakatika, lakini Kulia hakuwa mtu wa kukosa neno. Akatua bunda na kuuliza kama siku hizi wateja wanapewa na mazungumzo bure.

"Hesabu misumari," Kushoto alisema.

"Misumari gani?"

"Hii hapa. Hesabu, shoga yangu. Kwa sauti."

Hakuwahi kumwamuru kitu tangu wajuane. Mwalimu alisimama kwa mguu mmoja, akishika meza, akasema labda yeye asubiri nje.

"Na soksi hiyo utakwenda wapi?" Kushoto akamuuliza. "Kaa. Hili ni lako pia."

Mwalimu akakaa.

Kulia hakuhesabu. Alitazama kisigino kile kama mtu anayetazama picha yake mwenyewe aliyopigwa bila kujua. Kisha akavuta kigoda, kilekile alichomkalishia mwenzake miezi minne iliyopita, akakikalia yeye.

"Sita," alisema.

Kushoto alingoja. Kungoja alikujua vizuri. Kulia alijaribu kwanza kusema alikuwa anamlinda. Kwamba wanaume wana maneno, kwamba mama mkwe yule angemtoa kijasho. Kila alipoanza, sentensi ilimfia mdomoni, maana Kushoto hakuwa anabishana naye. Alikuwa anamtazama tu, kiatu mkononi.

"Unakumbuka siku tulipoagwa?" Kulia akasema, na sauti yake haikuwa ile ya mbele ya duka. "Yule bwana aliyetufundisha alibaki na mimi chumbani. Aliniambia, huyo mwenzako anajizuia. Siku akiuachia mkono wake, hutalingana naye tena. Nikakasirika. Nikasema mzee ana wivu. Halafu nikaanza kukuangalia. Mimi nikikata kitu kimekaa upande kidogo, na chako kinakaa upande kidogo. Mimi nikilegeza mshono, na wewe unalegeza. Unadhani sikuona? Miaka saba nimekuwa mkubwa wa mtu anayenihurumia."

Kushoto alikiweka kiatu mapajani.

"Ukiondoka na huyu," Kulia akaendelea, akimwonyesha Mwalimu kwa kidevu, "mimi nabaki na nini? Viatu vya kulia vitupu. Mtaa mzima ungejua katika mwezi mmoja. Nilitaka ubaki. Mwanzo nilisema nitadanganya wiki moja tu, mpaka nijue la kufanya. Nikakuona unalia, nikataka kusema. Nikakuwekea chai badala yake."

"Vijiko vitatu."

"Si ndiyo unayopenda?"

"Napenda kimoja."

Hilo, ajabu, ndilo lililomvunja Kulia. Alivumilia misumari, akavumilia macho ya Mwalimu, lakini vijiko viwili vya sukari vya miaka saba vilimshinda. Aliinamisha kichwa, akalia.

Kushoto alikuwa na hasira. Alikuwa na haki nayo, aliisikia imejaa kifuani kama maji ya moto, na angeweza kuimwaga yote juu ya kichwa kile kilichoinama. Lakini palikuwa na kitu kingine chini ya hasira, kidogo na kichungu, na kwa kuwa siku ile ilikuwa ya kusema, alikisema. Alikiri kwamba nyuma ya pazia palikuwa patamu. Kiatu kikibana, lawama zilikwenda mbele. Mteja akikasirika, si yeye aliyetazamwa. Alijishusha kumridhisha mwenzake, ndiyo, lakini pia kwa sababu aliyejishusha hadaiwi kitu na mtu. Hata Mwalimu alimwacha apotee bila kumfuata kumuuliza. Angeweza kwenda. Shule ilikuwa nyuma ya soko.

"Na mimi ningeweza kuja," Mwalimu alisema kutoka kwenye kiti chake. "Nilikuwa na mguu mmoja mzima."

Hewa ikalegea kidogo.

Kushoto akamgeukia rafiki yake. "Mama yake alisema nini hasa? Yote, si nusu."

Kulia alijifuta uso kwa mkono wa gauni. Alieleza kwamba mama alikuja kweli, akisingizia ndala, ila macho yake yalikuwa yanamtafuta Kushoto. Alipoambiwa kasafiri, alichukua kitambaa cha kazi cha Kushoto kilichoning'inia msumarini, akakinusa. Akasema mikono yake lazima inanuka gundi.

"Kisha akacheka," Kulia alisema. "Akasema, kama ya marehemu mume wangu. Akasema tangu harufu hiyo itoke nyumbani kwake, hajalala vizuri."

Mwalimu aligeukia dirishani. Baba yake alikuwa fundi wa kujalidi vitabu. Kushoto alilijua hilo, Mwalimu aliwahi kumsimulia jinsi alivyokuwa akifanyia kazi zake za shule kwenye kona ya meza iliyojaa gundi. Na Kulia alikuwa amelikata neno lile la mama katikati, akampelekea mwenzake kiatu kimoja cha jozi.

Kushoto alisimama. Hakwenda nyuma ya pazia. Alilifunga pazia lenyewe pembeni kwa kipande cha uzi, akavuta meza yake ya kazi mpaka mbele, kwenye mwanga, miguu ya meza ikilalamika sakafuni.

"Nipe koleo," alisema.

Kulia akampa.

"Shika kiatu. Kaza."

Kulia akakaza. Msumari wa kwanza ulitoka, wa pili, yote sita, ikalala mezani imepinda. Raba nyembamba ikafuata. Kushoto alikata nyingine bila kupima kwa utepe, akaisugua ukingoni, akaipaka gundi, akaingoja ikauke huku akipuliza, na Kulia akimpa kila kitu kabla hajakitaja, maana mikono yao ilijuana hata siku ambayo wao wenyewe hawakujuana. Kisha nyundo. Wa kwanza katikati. Kulia alitazama misumari saba ikiingia, kila mmoja kwa pigo moja, na kwa mara ya kwanza Kushoto hakupunguza kasi ili mwenzake aone kwamba hata yeye angeweza. Ilikuwa kazi nzuri kupita kiasi. Kulia aliitazama kama mtu anayelipa faini, na mwishoni akatikisa kichwa na kusema kwa sauti ndogo kwamba yule bwana hakuwa na wivu.

Kushoto alisafisha lengelenge, akalifunga kwa kitambaa laini, akamvika Mwalimu kiatu.

"Tembea."

Mwalimu akatembea. Kutoka mlangoni hadi dirishani, Kushoto amefumba macho.

Ko. Ko. Ko. Ko.

Hatua hazikuishia dirishani. Zilirudi, zikaja karibu, zikasimama mbele yake. Alifumbua macho. Mwalimu alikuwa karibu mno kwa mteja.

"Safari hii naliuliza mwenyewe," alisema. "Nimegundua wajumbe wa siku hizi wana matatizo."

Kutoka kwenye kigoda Kulia alitoa sauti, nusu kilio nusu kicheko.

"Utakuwa mke wangu? Karakana huifungi, sikuombi hilo. Mimi nitapanda basi, wewe utapanda basi, tutakutana njiani kama itabidi. Hata kule kwenye shule mpya watu wana miguu."

Kushoto alimtazama mtu huyu aliyetembea juu ya uongo miezi minne bila kumtukana yule aliyedhani amemkataa. Furaha ilimjia polepole, ikianzia miguuni.

"Nitakuwa," alisema. "Na natembea haraka, ujue. Nikikutangulia nitasimama nikungoje. Nimekungoja miezi minne bila kujua, sembuse mtaa mmoja."

Mwalimu aliichukua mikono yake yote miwili, akaiinua mpaka usoni, akainusa kwa pumzi ndefu. Gundi, nta, ngozi. Alifumba macho kama mtu aliyefika nyumbani. Kisha akasema anakwenda kumwambia mama kabla moyo haujamtoka mdomoni, na Jumapili watakuja wote wawili, na Kushoto asithubutu kunawa.

Waliobaki walisikiliza hatua zikishuka mtaani. Ko, ko, ko, sawasawa, mpaka kelele za soko zikazimeza.

Kulia alikuwa anaokota misumari iliyopinda, mmoja mmoja, akiiweka kiganjani. Bila kuinua uso, aliuliza kama kesho aje na funguo au aziache mezani.

"Uje nazo," Kushoto alisema. "Sijakusamehe yote. Leo nimekusamehe kiasi. Kesho nitaona."

"Ni haki yako."

"Meza yangu inabaki hapa mbele."

"Ibaki."

"Na chai napika mimi."

Kulia akacheka, machozi yakamshuka tena, na Kushoto akaenda kukaa karibu naye kwenye ukingo wa meza, bega kwa bega, kama siku ile jozi yao ya kwanza ilipopona kisu. Mwanga wa alasiri ulikuwa umefika mpaka kwenye rafu ya kalibu.

"Viatu vyako vya harusi," Kulia alisema mwishowe, kwa woga ambao Kushoto hakuwahi kuusikia kwake. "Atashona nani?"

Kushoto aliufungua mkono wa rafiki yake, akachukua msumari mmoja uliopinda, akautia mfukoni mwa aproni.

"Cha kushoto nitashona mimi, kwa mkono wangu wote. Cha kulia utashona wewe, na hakitafanana, na nitavaa hivyohivyo. Na kikinibana, shoga yangu, sitanyamaza. Nitakuambia siku hiyohiyo. Nakuahidi."